Mapishano ya Msalabani

Jumanne, tarehe 15 Oktoba 1957. Ukungu mzito, baridi ya kung'ata masikio, upepo hakuna. Kwenye mapishano ya Tofali, mahali pa tramu mbili kupishana, katikati ya safari ya kutoka mjini Radolin kwenda kitongoji cha Topola, tramu nambari saba ilikuwa imesimama, taa yake moja ya mbele ikiuchimba ukungu bila kufika popote. Ndani yake watu mia moja na hamsini, wengi wao wanawake wa viwanda vya kufuma, walikuwa wakimngoja mtu mmoja.

Pelagia Cieślak, dereva, naye alikuwa akimngoja. Alisimama mahali pake pa siku zote, kwa maana tramu ile haikuwa na kiti cha dereva, mkono wa kushoto juu ya kishikio cha umeme, wa kulia kwenye breki. Alikuwa na miaka arobaini na sita, mjane, mwenye mgongo ulionyooka kama nguzo. Hakuweza kuondoka. Mbele yake reli ilikuwa moja tu, na reli moja haijui adabu: wakikutana wawili juu yake, hapana wa kumpisha mwenzake. Ndiyo maana kulikuwa na kijiti, kipande cha mwaloni chenye pete ya shaba, walichopokezana madereva tangu enzi za babu zao. Mwenye kijiti ndiye mwenye njia. Asubuhi ile kijiti kilikuwa kwa Kacper Wnuk, aliyekuwa akija kutoka Topola, na Kacper alikuwa hajaonekana.

"Kondakta, tutafika leo au Krismasi itatukuta humuhumu?" sauti ya mwanamke iliuliza kutoka nyuma.

"Una haraka gani, shoga?" alijibu Apolonia Drozd, kondakta, akipenyeza mwili wake mnene katikati ya makoti yaliyolowa. "Msimamizi wako hakupendi ukichelewa, na hakupendi ukiwahi. Kaa hapa upendwe na mimi."

Gari zima likacheka. Pelagia hakucheka. Alikuwa akiitazama saa yake na kuandika namba kwa penseli katika kijidaftari. Dakika nne. Tano. Sita na nusu.

Kengele ikalia ukunguni. Tramu ya Kacper ikajitokeza na kujipanga ubavuni mwake. Mzee huyo, masharubu yakimdondoka umande, akafungua dirisha na kunyoosha kijiti.

"Mungu akusindikize, Pela."

"Naye akutangulie, mzee."

Kilomita moja mbele ya Tofali msitu wa miti yenye magome meupe unaisogelea reli, na ukingoni mwa msitu umesimama msalaba wa mbao. Hapo Pelagia alikirudisha kishikio nyuma, na tramu ikapunguza mwendo mpaka ikawa inakwenda kama mtu anayefuata jeneza. Wanaume wakavua kofia. Apolonia akanyamaza, jambo ambalo halikutokea mahali pengine popote katika njia nzima. Januari ya mwisho ya vita, siku tatu kabla ya wavamizi kukimbia, wafumaji kumi na wawili wa Topola walipigwa risasi mahali pale. Walenty, mume wa Pelagia, alikuwa mmoja wao. Hakuna aliyetoa amri yoyote. Tramu ya kwanza kupita baada ya siku ile ilipunguza mwendo, ya pili ikaiga ya kwanza, na miaka kumi na miwili ikapita hivyo.

"Raha ya milele uwape, ee Bwana," gari zima lilinong'ona, "na mwanga wa milele uwaangazie."

Huko Topola, mwisho wa njia, Pelagia alifungua kitabu cha safari. Kanuni ilitaka kila dakika iliyopotea iandikiwe sababu. Akaandika kama alivyoandika jana na juzi, na kama walivyoandika madereva wote tangu kitabu kile kilipoanzishwa: *Umeme dhaifu.*

Alipoinua macho aliona karatasi mpya imebandikwa ukutani. Siku ya Alhamisi, ilisema, kamati ya usafiri ingekaa kuamua hatima ya njia ya Topola. Kwa kuwa njia imechakaa na umeme wake ni dhaifu, na kwa kuwa safari ya dakika arobaini sasa inachukua hamsini na tano, ilipendekezwa reli ing'olewe Mwaka Mpya na nafasi yake ichukuliwe na mabasi kumi na mawili.

Pelagia alisoma mara mbili. Mara ya pili midomo yake ilikuwa ikitikisika, na aliyemwona angedhani anasali.

*

Jioni hiyo, kama kila Jumanne, alikwenda shule. Shule ya ufundi ya wafanyakazi ilifunguliwa watoto walipokwisha kwenda kwao, na watu wazima walijikunja kwenye madawati mafupi, magoti yakigonga mbao. Pelagia alikuwa mwaka wa tatu. Mwaka wa kwanza alilia kwa sababu ya sehemu na desimali; mwaka wa pili alilia kwa sababu alizielewa, akaiona miaka yote aliyoishi bila kuzijua.

Mwalimu wake wa hesabu, Teofil Bielak, mtu mwembamba mwenye chaki mpaka kwenye nyusi, alikuwa amewapa kazi mbili. Ya kwanza: wachore usafiri wa miji ya kesho. Ya pili: kila mmoja apime safari moja anayoijua na kuichora kwa mistari, muda ukienda upande, umbali ukienda juu.

Ulikuwa wakati wa kuota. Siku kumi na moja tu zilikuwa zimepita tangu mwezi uliotengenezwa na binadamu urushwe angani, na hata wauza kabichi sokoni walikuwa wakitazama juu. Vijana wa darasani walikuwa wamechora magari ya angani, treni za kuning'inia juu ya mapaa, na mmoja alikuwa ametandika bomba kubwa la kuwafyatua abiria kutoka kituo hadi kituo kama barua zinazosukumwa na hewa ndani ya mabomba ya posta.

"Jamani, mama Pelagia katuletea tramu!" kijana huyo wa bomba alipiga kelele.

"Kasahau kuitia mabawa!"

Ilikuwa tramu kweli. Lakini ilikuwa ndefu kama nyumba tatu, ikipita juu ya reli mbili zilizooteshwa majani katikati, mbali na matope ya barabara. Ilikuwa na kiti cha dereva. Milango yake ilikuwa mipana, na sakafu yake ilikuwa chini, sawasawa na ukingo wa njia ya miguu, hata mtu aingie bila kupanda ngazi, kama anavyoingia jikoni kwake.

Bielak aliitazama kwa muda. "Mnacheka nini?" akasema. "Ninyi mmechora mtakavyokwenda mbinguni. Huyu amechora mama mwenye kigari cha mtoto atakavyofika sokoni. Mbinguni tutafika tu. Soko ni kesho asubuhi."

Kisha akachukua kazi ya pili. Pelagia alikuwa amechora safari ishirini, kwa saa yake mwenyewe, kwa wiki mbili. Mistari ilipanda vizuri, ikiwa imelala pamoja kama nyuzi kwenye kitanda cha kufumia. Halafu, mahali pamoja, yote ilipinda. Ishirini kwa ishirini.

"Tangazo la kamati linasema umeme dhaifu. Umeme dhaifu hudhoofika leo hapa, kesho pale," mwalimu alisema polepole. "Huu wenu unadhoofika mahali pamoja kila siku. Hapa pana nini, mama?"

Pelagia akainamisha uso. "Msitu," alisema.

"Msitu tu?"

Alianza kukusanya penseli zake. Bielak akamrudishia karatasi. "Sikulazimishi. Ila hesabu haimwonei mtu haya. Ukiificha kitu, yenyewe inakuzunguka na kukitoa mbele za watu."

Akiwa njiani kwenda kwake Pelagia alipita kanisani, akapiga magoti kwenye benchi la nyuma akiwa na mkoba wa vitabu begani. Kwa kawaida hakuwa mtu wa sala ndefu. Lakini jioni ile alikaa. Miaka kumi na miwili alikuwa amesema *amina* pale msalabani, kisha akafika Topola na kuandika uongo. Kati ya amina na uongo palikuwa na dakika kumi na tisa. Alikuwa amezipima mwenyewe. Alidhani alikuwa akiilinda sala. Sasa aliona kwamba uongo ule, ulioandikwa kwa mkono wa mapenzi, neno dogo juu ya neno dogo, ndio uliochimba kaburi la njia nzima. Kamati haikuwa imebuni kitu. Ilikuwa imesoma tu walichoandika.

*

"Wewe una wazimu," Kacper Wnuk alimwambia kesho yake.

Walikuwa kwenye chumba cha chakula cha karakana, bilauri za chai mbele yao, mkate uliopakwa mafuta ya nguruwe na tango la chumvi. Apolonia alikaa katikati yao kama mpaka wa nchi mbili.

"Sikiliza, Pela," Kacper aliendelea kwa sauti ya chini. "Tangu mwaka jana serikali imelegeza kidogo kamba juu ya dini, sawa. Lakini ukisimama mbele ya wale ukasema kila tramu ya Topola inapunguza mwendo ili watu wasali, watasema tumeligeuza gari la umma kuwa kanisa. Mimi nimebakiza miezi saba nipumzike. Miezi saba!"

"Tukinyamaza, reli inang'olewa."

"Iache ing'olewe! Watu watapanda basi."

"Basi litapita barabara ya chini, kando ya mto," Pelagia alisema. "Msalabani atapita nani tena, mzee? Kunguru?"

Kacper akaliweka tango chini. Alikuwa amewajua wale kumi na wawili wote kwa majina. Wawili kati yao walikuwa wasimamizi wa ndoa yake.

"Na theluji ikianguka," Apolonia aliingilia, mdomo umejaa mkate, "hayo mabasi kumi na mawili mtayasukuma ninyi wawili mpaka Topola. Mimi nitakuwa ndani, nauza tiketi."

"Mtaje yeyote unayemtaka," Kacper alisema hatimaye, akisimama. "Jina langu usilitaje."

"Langu linatosha," alijibu Pelagia.

*

Alhamisi ukumbi ulijaa mpaka madirishani. Kamati ilikaa jukwaani nyuma ya meza yenye kitambaa chekundu, na katikati yao mhandisi mkuu wa usafiri, Hipolit Szarota, mtu wa makamo, nywele zimechanwa vizuri, aliyesifika kwa kutosema jambo asiloweza kulithibitisha. Hakuwa mtu mbaya. Aliyapenda mabasi kama kijana anavyopenda buti jipya.

"Nimevisoma vitabu vya safari vya miaka sita," alianza. "*Umeme dhaifu*, mara elfu arobaini na kitu. *Upepo*, mara mia tisa. Na hapa, ndugu zangu, *Majani kwenye reli.* Tarehe ishirini Januari." Akavua miwani. "Ningependa kuonyeshwa huo mti wa Topola unaopukutisha majani katikati ya theluji."

Ukumbi ukaangua kicheko. Szarota akasubiri kitulie.

"Dunia imerusha mwezi mpya angani," akasema. "Nasi tung'ang'anie gari lisiloweza hata kumpita ng'ombe aliyelala? Tusiwe watu wa jana. Nani ana neno?"

Pelagia alisimama. Alilishika benchi lililokuwa mbele yake. Alikuwa ameandaa maneno mazuri ya kuanzia. Yote yalikuwa yamemtoka kama ndege dirishani.

"Mti huo naujua, ndugu mhandisi," akasema.

Szarota akavaa tena miwani.

"Pelagia Cieślak, dereva, njia ya Topola, miaka kumi na tisa. Umeme wetu si dhaifu. Reli yetu ni nzima. Tulichokiandika kwenye vitabu ni uongo, na mimi nimeandika mara nne kwa siku. Tunapofika msalabani tunapunguza mwendo na kuwaombea watu wetu. Inachukua dakika moja na nusu. Anayetoka Topola anafika Tofali amechelewa, na anayemngoja pale anachelewa kwa ajili yake, kisha naye anapunguza. Ikifika saa sita mchana njia nzima inachechemea. Hatukuandika kwa sababu tuliogopa. Sasa nimeandika."

Akatembea mpaka jukwaani, viatu vyake vikisikika kimoja kimoja, akaitandaza karatasi yenye mistari ishirini juu ya kitambaa chekundu. Alipogeuka, aliona kwamba hofu haikuwa imemwacha, bali ilikuwa imekaa pembeni kama abiria aliyekwisha kukata tiketi.

"Ni nani wengine?" mjumbe mmoja aliuliza kwa ukali. "Majina!"

"Nimelitaja langu."

Benchi likalia nyuma. Mzee mwenye masharubu alikuwa akiinuka, taratibu, kama mtu anayenyanyua gunia.

"Kacper Wnuk," alisema. "Yale majani ya Januari ni yangu. Nilikuwa nimechoka kuandika umeme."

Safari hii kicheko kilianzia jukwaani kwenyewe, na kabla hakijaisha madereva wengine watano walikuwa wamesimama. Szarota peke yake hakucheka. Alikuwa ameinamia karatasi, kidole chake kikipita juu ya mistari mpaka pale ilipopinda.

"Hii umeichora wewe?"

"Ndiyo. Shule ya jioni."

"Na unataka nini? Tuwakataze kusali?"

"La. Nataka tusimame." Sauti yake ilikuwa imepata miguu. "Kando ya msalaba pana reli ya zamani ya mabehewa ya mchanga. Vichaka vimeifunika, lakini ipo, na waya wake upo. Tuyahamishe mapishano kutoka Tofali tuyalete pale. Tramu mbili zikutane msalabani, zipokezane kijiti, dakika moja. Kusimama ni lazima kokote tutakapopishana. Basi tusimame mahali ambapo moyo umesimama tayari, na njia iliyobaki tukimbie. Nimepiga hesabu: dakika thelathini na tisa."

"Hata hivyo ni tramu," Szarota alisema, lakini si kwa ukali. "Chombo cha jana. Reli moja, njia ileile, siku zote."

"Huo mwezi mpya nao, ndugu mhandisi, unapita njia moja ileile siku zote, na sijamsikia mtu akiuita wa jana."

Kelele iliyofuata ilitikisa vioo. Kwenye kona Bielak alionekana akipiga makofi, na vumbi la chaki likimtoka mikononi kama moshi.

Szarota alisubiri. Kisha akaikunja ile karatasi na kuitia katika mfuko wa ndani wa koti. "Hesabu ni sahihi," alisema. "Lakini karatasi haina abiria. Nakupa siku moja ya kujaribu, na siku naichagua mimi. Watakatifu Wote. Basi litapita barabara ya chini, tramu itapita juu. Usipofika kwa dakika arobaini, reli inang'olewa."

Watu wakashusha pumzi kwa pamoja. Siku ya Watakatifu Wote mji wote huenda makaburini, na makaburi makubwa yalikuwa Topola.

"Na nikifika?" Pelagia aliuliza.

"Fika kwanza."

*

Jumapili mbili mfululizo, baada ya Misa, msalabani pakawa kama penye harusi. Wafumaji walikuja na mapanga, mafundi wa reli wakaja na nyundo na mafuta, na vijana wa shule ya jioni, akiwemo yule wa bomba, walipanda nguzo kuunyoosha waya. Chini ya vichaka reli ilikutwa imelala, nyekundu kwa kutu lakini nzima, kama mtu aliyesahauliwa usingizini. Apolonia alizunguka akigawa chai na matusi madogo madogo. Pelagia alishika koleo, na kila alipopumzika aliyapima matawi yaliyobaki kwa macho ya mtu anayehesabu sekunde.

Ijumaa, tarehe mosi Novemba, kulikuwa na manyunyu. Kituoni Radolin watu walijaa kama maji nyuma ya lango, kila mmoja na krisanthemu zake, maua ya makaburini, na mishumaa yake. Basi, jipya, jekundu, liling'aa kando. Dereva wake, kijana mchangamfu, aliinua kofia.

"Mama, nikufikishie salamu zako Topola?"

"Zifikishe," Apolonia alimjibu kabla ya Pelagia hajafungua mdomo. "Ila utatukuta tumekwisha kuzipokea."

Szarota alipanda akasimama nyuma ya Pelagia, saa ya kupimia mkononi. Saa tatu kamili kengele ililia mara mbili. Pelagia akafanya ishara ya msalaba na kusukuma kishikio.

Tramu ikaondoka na umati wake wote, behewa la nyuma likiifuata. Ilipofika Tofali haikusimama. Abiria waliozoea kungoja pale walitazamana, kisha mmoja akapiga kelele ya furaha, na wote wakampokea. Waya uliimba juu. Cheche za buluu ziliruka kwenye unyevu. Pelagia alihisi magurudumu yakimwambia kupitia nyayo kile alichokuwa amekiandika kwa penseli: ndivyo, ndivyo, ndivyo.

Wakaingia reli ya pembeni kando ya msalaba. Dakika kumi na tisa. Akasimamisha. Wanaume wakavua kofia, na sala ikapanda, kwa sauti safari hii, kutoka gari la mbele na behewa la nyuma. *Raha ya milele uwape.* Szarota alikuwa na kofia kichwani. Akaigusa ukingo, akaivua, akaishika kifuani juu ya saa.

Sala ikaisha. Kacper hakuwepo.

Nusu dakika. Dakika nzima. Mbele, reli moja ilikuwa imenyooka ndani ya manyunyu, tupu, na bila kijiti Pelagia hakuwa na haki ya hata mita moja. Mkononi mwa Szarota saa ilisema. Pelagia alifumba macho. Hakuomba kushinda. Aliomba tu asimkasirikie yule mzee.

"Yule pale!" mtu alipiga kelele.

Kacper alikuwa akija. Alikuwa akija polepole, polepole kabisa, kofia mkononi, kwa mwendo wa mtu anayefuata jeneza. Miaka kumi na miwili ilikuwa imemshika mkono: alipouona msalaba aliurudisha umeme nyuma mwenyewe bila kujua, mita mia tatu kabla ya mahali pa kusimama.

Apolonia aliruka chini, mkoba wa tiketi ukimpiga ubavuni, akakimbia kando ya reli akipunga mikono yote miwili. "Kacper! We mzee! Njoo usali umesimama! Mungu hana haraka, ila mhandisi anayo!"

Kelele ile ilimwamsha. Tramu ikaruka mbele, ikajipanga ubavuni, na dirisha likafunguka. Uso wa Kacper ulikuwa mwekundu kama nyanya.

"Mkono, Pela. Mkono wenyewe."

"Najua, mzee. Nipe."

"Mungu akusindikize."

"Naye akutangulie!" Alikwisha kuondoka.

Aliendesha ile nusu ya pili kama hajawahi kuendesha maishani, si kwa papara, bali kwa akili: kila mteremko aliuacha ufanye kazi yake, kila kona aliilegezea kidogo na kuichukulia tena umeme pale pale alipopaswa. Ilikuwa hesabu, na ilikuwa sala, na kwa mara ya kwanza havikuwa vitu viwili. Paa za viwanda zikatokea, kisha ukuta wa makaburi na maelfu ya taa ndogo zinazopepesa mvuani.

Alipovuta breki, hakuthubutu kugeuka.

"Thelathini na tisa na sekunde hamsini," Szarota alisema. Kisha, kama mtu asiyeamini ulimi wake, akaisoma tena saa.

Habari ilitoka kwenye tramu kabla ya abiria. Ikapita langoni, ikazunguka kati ya makaburi, na watu wakaanza kurudi na maua yao mikononi kuja kuona. Wengine walikuwa wakilia. Basi lilifika dakika ishirini na tatu baadaye, likiwa limezingirwa na mikokoteni na waenda kwa miguu njia nzima, abiria wake wameshika mashina ya krisanthemu yaliyovunjika.

"Karibu, kijana!" Apolonia alimwita dereva. "Tulikuwa tunataka kukutangaza redioni kuwa umepotea."

Kijana akacheka, akavua kofia, akainama mpaka kiunoni.

Mpaka saa tisa alasiri tramu za Topola zilikwenda na kurudi, zimejaa, na hakuna iliyozidi dakika arobaini. Safari ya mwisho ya zamu yake ilipofika, Pelagia alimkuta Szarota amesimama kwenye lango la makaburi, katikati ya umati, akiandika. Mwalimu Bielak alikuwa kando yake, na Kacper, na wanawake wa viwandani na mishumaa yao.

"Nitaipeleka ripoti kamati Jumatatu," mhandisi alimwambia. "Itakuwa nzuri. Utaisoma."

Pelagia alimtazama. Alikuwa amechoka, mikono ikimuuma mpaka mabegani, na ndani yake palikuwa na utulivu mpana kama uwanja.

"Kwenye karatasi, ndugu mhandisi, tumekwisha kudanganyana vya kutosha, sisi na ninyi," alisema kwa upole. "Watu hawa hapa. Waambie kwa mdomo."

Szarota akatazama huku na huku. Umati ulikuwa umemgeukia, mishumaa ikichuruzika mikononi. Akakifunga kijitabu. Akapanda kwenye ngazi ya tramu ili aonekane.

"Reli ya Topola haing'olewi," alisema.

"Wa nyuma hawakusikia!" Apolonia alipaza sauti.

Mhandisi akavuta pumzi. Mvua ilikuwa imezilaza zile nywele zake zilizochanwa vizuri, na kwa mara ya kwanza alifanana na mtu wa pale.

"Mimi, Hipolit Szarota," akapaza sauti mpaka ikagonga ukuta wa makaburi na kurudi, "nasema mbele yenu mlio hai, na mbele ya hawa waliolala: reli ya Topola haitang'olewa. Na mwaka wa sitini ukifika, zitakuwa mbili."